Sauti Moja, Vibarua Vitatu: Mchekeshaji Anapohamia Redio ya Siasa

Watoto wengi wa Mombasa wanaijua sauti ya Janeane Garofalo bila kulijua jina lake. Ndiye Colette, yule mpishi mkali mwenye pikipiki katika Ratatouille, katuni ya 2007 kuhusu panya anayepika, ambayo nyumba zenye watoto huirudia hadi wazazi wakahifadhi maneno. Mwaka mmoja kabla ya katuni hiyo kutoka, sauti ile ile ilikuwa ikisikika jioni kwa jioni kwenye redio ya New York, ikimsema Rais George W. Bush na vita vya Iraq, saa tatu mfululizo. Ilipofika 2009, mwenye sauti alikuwa kwenye televisheni akiigiza mtaalamu wa kompyuta wa FBI katika 24, mfululizo ambao wapinzani wa Bush waliushutumu kwa kuyafanya mateso ya wafungwa yaonekane jambo la kawaida.

Mtu wa namna hii tumwiteje? Mwigizaji? Mchekeshaji? Mtangazaji? Mwanasiasa asiye na kiti? Barazani Kibokoni, ukimtaja mchekeshaji aliyejitosa katika siasa hukosi kusikia hukumu mbili kabla kahawa haijapoa. Mmoja atasema, "Huyo kaishiwa, atafuta kula kwengine." Mwengine atajibu, "Wapi! Alikuwa mwanasiasa tangu zamani, vichekesho vilikuwa ngazi tu." Hukumu zote mbili zina raha ya kusemwa. Lakini maisha ya Garofalo hayaingii katika hata moja, na ukiyafuatilia vizuri yanafafanua mambo ambayo hata wachekeshaji wetu wa Kenya wamekutana nayo.

Alizaliwa 1964 katika jimbo la New Jersey, akasomea historia Chuo cha Providence, na akiwa bado mwanafunzi akashinda shindano la televisheni la kumtafuta mtu anayechekesha kuliko wote Rhode Island. (Ushindi huo usikutishe sana, Rhode Island ndilo jimbo dogo kuliko yote Marekani.) Alipoanza kupanda jukwaani katikati ya miaka ya 1980, mtindo uliotamba ulikuwa wa kisa kifupi chenye mkia: unajenga, unajenga, kisha unaachia neno moja ukumbi uvunjike mbavu. Yeye alipanda na daftari. Alisoma, akalalamika, akajisuta, akarudi alikotoka. Hakuwa na visa vyenye mwisho, alikuwa na maoni, na maoni yale ndiyo yaliyowachekesha watu.

Hilo daftari tulishike vizuri, maana ndilo linaloeleza mengi ya baadaye. Mchekeshaji wa visa akiondolewa visa vyake hubaki mikono mitupu. Mchekeshaji wa maoni anahitaji kitu kimoja tu, dunia iendelee kumuudhi.

Televisheni ilimchukua 1992, katika vipindi viwili kwa mpigo. The Ben Stiller Show cha Fox kilifutwa baada ya msimu mmoja, kisha kikashinda tuzo ya Emmy ya uandishi kikiwa tayari marehemu. The Larry Sanders Show cha HBO kilikuwa na bahati zaidi. Kilionyesha yanayojiri nyuma ya pazia la kipindi cha mazungumzo cha usiku, na Garofalo alikuwa Paula, mwenye kazi ya kutafuta wageni. Nafasi hiyo ilimfanya ateuliwe mara mbili kuwania Emmy. Mwaka 1994 akaingia Saturday Night Live, kipindi ambacho kila mchekeshaji wa Marekani huota kukifikia, na akaondoka kabla msimu haujaisha. Hakuficha kwamba hali aliyoikuta haikumpendeza, hasa namna wanawake walivyoandikiwa sehemu zao. Mtu anayeacha kazi ya aina hiyo katikati si mtu anayetafuta kula tu. Hukumu ya kwanza ya barazani inaanza kuyumba hapo.

Sinema nayo ilikuwa ikienda sambamba. Reality Bites ilitoka 1994, kisha 1996 ikaja The Truth About Cats & Dogs, na hii nitakaa nayo kidogo kwa sababu yale yaliyomo yanakaribia kuwa utabiri. Humo Garofalo anaigiza daktari wa mifugo mwenye kipindi cha redio. Watu wanampigia simu kuuliza kuhusu paka na mbwa wao, naye anawajibu kwa akili na mzaha. Msikilizaji mmoja anaipenda sauti hiyo hadi anataka kuonana naye. Daktari, asiyejiona mzuri, anamtuma jirani yake mrefu mwenye nywele za dhahabu, aliyeigizwa na Uma Thurman, ajifanye ndiye. Filamu nzima imesimama juu ya jambo ambalo kila mtangazaji wa Mombasa analijua: redioni msikilizaji anakujengea uso wake mwenyewe, na uso huo mara nyingi ni mzuri kuliko wako. Garofalo mwenyewe baadaye hakuisifu filamu hiyo. Lakini Hollywood ya wakati ule ilimpima kwa sura, ikampa nafasi za rafiki mwenye ulimi mkali, mara chache nafasi ya mbele. Redioni kipimo hicho hakipo.

Sasa tufungue fundo lenyewe. Watu huzizungumza filamu, televisheni na redio ya siasa kana kwamba ni vidato vya ngazi moja, unapanda au unashuka. Mimi naziona zikitofautiana katika jambo moja kubwa, nalo ni nani mwenye maneno. Katika filamu, mwandishi ameandika, mwongozaji ameelekeza, ukikosea mnarudia, na anayesema ni mtu mwenye jina lisilo lako. Katika televisheni ni vivyo hivyo, muda tu ni mfupi zaidi. Jukwaani peke yako maneno ni yako, ila umeyapima katika kumbi kadhaa kabla ya kuyafikisha mbele ya kamera. Redio ya siasa inakupa kiti, habari za leo asubuhi, saa tatu za kujaza, na watu wenye simu mkononi wanaosubiri ukosee. Hakuna mhusika wa kujificha nyuma yake. Hakuna hata kicheko cha ukumbi cha kukuonyesha kwamba umeeleweka. Unatupa mzaha na kinachorudi ni kimya cha studio.

Kwa hiyo kinachobadilika si kipaji, ni mzigo wa maneno. Wanaofaulu redioni ni wale ambao hata jukwaani walikuwa wakiongea kama wao wenyewe.

Kilichomsukuma Garofalo kilikuwa vita. Mwanzoni mwa 2003, Marekani ikijiandaa kuivamia Iraq, alitokea mara kwa mara kwenye vituo vya habari, Fox News na CNN miongoni mwao, akipinga. Kwa nini wamwite mchekeshaji, na maprofesa wa mambo ya Mashariki ya Kati wamejaa vyuoni? Yeye mwenyewe alikuwa na jibu chungu: vituo vilipenda kuwaita watu wa sanaa kwa sababu ni rahisi kuwadharau. Mwenyeji anauliza "wewe mwigizaji unajua nini kuhusu silaha?" na mjadala unakufa hapo, hoja haijaguswa. Uvamizi ulianza Machi 2003. Silaha za maangamizi ambazo Iraq ilidaiwa kuwa nazo hazikupatikana.

Aliyezungumza na wenyeji wasiomtaka kwa dakika tano tano, mwaka uliofuata alipewa kiti chake mwenyewe.

Kiti hicho kina historia, na bila hiyo historia mengine hayaeleweki. Hadi 1987, redio na televisheni za Marekani zilifungwa na kanuni iliyowataka wanaorusha mambo yenye ubishi watoe nafasi kwa maoni ya pande tofauti. Kanuni ilipofutwa, kituo kiliweza kumweka mtu mmoja mwenye msimamo mmoja azungumze kutwa bila kumjibu mtu. Agosti 1988 Rush Limbaugh akaanza kurushwa nchi nzima, akiupigia debe mrengo wa kulia, na alikuwa na kitu ambacho wapinzani wake walichelewa kukikubali: alichekesha. Aliiga sauti, alibandika watu majina, alicheza nyimbo za kejeli. Madereva wa malori walimsikiliza kwa saa nyingi barabarani. Vituo vya masafa ya kati (AM), vilivyokuwa vinakufa kwa sababu muziki ulikuwa umehamia FM, vikapata uhai.

Mrengo wa kushoto ulijibu baada ya miaka 16. Air America Radio ilifunguliwa tarehe 31 Machi 2004, na walioajiriwa kuwa nguzo zake hawakuwa wanasiasa bali wachekeshaji. Al Franken, mwandishi wa miaka mingi wa Saturday Night Live, alipewa mchana. Marc Maron alikuwa na wenzake asubuhi. Lizz Winstead, mmoja wa waanzilishi wa kipindi cha kejeli The Daily Show, aliketi na msanii wa rap Chuck D na mwanamke mmoja aliyekuwa bado hajulikani sana, Rachel Maddow. Garofalo alipewa jioni pamoja na mchekeshaji mwenzake Sam Seder, kipindi wakakiita The Majority Report.

Mantiki ilikuwa wazi. Limbaugh alishinda kwa kuchekesha, basi tulete wanaochekesha kwa kazi. Mantiki hiyo ina tundu, na nadhani ndilo kosa lao kubwa la kifikra. Limbaugh alikuwa mtu wa redio tangu ujana, aliyepiga santuri na kusoma matangazo, akajifunza mzaha ndani ya chombo chenyewe. Wale wengine walikuwa watu wa jukwaa na kamera waliopelekwa redioni. Kujaza saa tatu bila mwandishi, kurudi hewani baada ya tangazo la godoro na kuukumbusha umma mada ilikuwa ipi, kumkata mpigaji simu bila kumwaibisha: huo ni ufundi peke yake. Garofalo aliufikia haraka kwa sababu ya lile daftari lake. Wengine walichukua muda, na muda haukuwepo.

Haukuwepo kwa sababu ya pesa, na hapa ndipo wengi hupotea. Wasimuliaji wa haraka husema Air America ilianguka kwa sababu wasikilizaji hawakuitaka siasa ya upande ule. Huenda hilo lina chembe ya ukweli, lakini tazama biashara yenyewe ilivyojengwa. Mtandao wa vipindi Marekani si kituo. Mfikirie mpika mahamri wa Majengo anayekaanga alfajiri na kusambaza kwenye vibanda kumi, asiye na kibanda hata kimoja. Kibanda kikimkataa, mahamri ni matamu lakini hayauzwi. Air America ilipika vipindi na kuvisambaza kwa vituo vya watu wengine, vingi vikiwa vya masafa dhaifu, kwa sababu masafa yenye nguvu yalikwisha kuchukuliwa na akina Limbaugh. Kule New York ilipata saa za WLIB, kituo kilichokuwa kwa miaka mingi sauti ya watu weusi na wahamiaji wa visiwa vya Karibi. Kwa wasikilizaji wale, redio mpya ya "wanaojali wanyonge" ilianza kwa kuwaondoa wao hewani.

Wiki mbili tu baada ya kufunguliwa, mtandao ulizimwa Chicago na Los Angeles kwa mzozo wa malipo na mwenye vituo. Ikabainika mtaji uliotajwa kwa majigambo haukuwepo kama ilivyosemwa. Mwaka 2005 ikafichuka kwamba kiasi cha dola 875,000 kilikuwa kimekopwa kutoka shirika la kusaidia watoto na wazee katika mtaa wa Bronx, jambo ambalo wapinzani walilisherehekea, na sioni jinsi ya kuwalaumu. Oktoba 2006 kampuni iliomba kinga ya mufilisi. Ilifunga kabisa Januari 2010. Garofalo alikuwa ameondoka tangu Julai 2006.

Hebu ona aliyokuwa akiyafanya wakati huo huo. Katika msimu wa mwisho wa The West Wing, uliorushwa 2005 na 2006, aliigiza mtaalamu wa mawasiliano wa mgombea urais wa Democratic. Yaani kuna kipindi ambapo kwenye tamthilia alikuwa akimpangia mgombea wa kubuni nini cha kusema, na redioni akimkosoa rais wa kweli kwa aliyoyasema. Kisha Colette. Kisha 24. Hukumu ya pili ya barazani, ile ya "vichekesho vilikuwa ngazi", nayo inaporomoka. Anayetumia sanaa kama ngazi hashuki kurudi chini akaokote nafasi ndogo za filamu. Huyu alikuwa msanii aliyepata muda wa kuwa na jambo zito la kusema, akalisema mahali palipopatikana, akaendelea na kazi yake.

Wenzake walitawanyika kila mmoja kwake. Franken aliacha redio 2007 akagombea useneti Minnesota, akashinda kwa kura 312 baada ya kura kuhesabiwa upya na kesi kuburutana hadi Julai 2009. Alijiuzulu mwanzoni mwa 2018 kufuatia madai ya wanawake kuhusu mwenendo wake. Maddow alihamia televisheni akawa jina kubwa. Maron alifukuzwa, akaanza kurekodi mazungumzo yake usiku katika studio zile zile za Air America bila ruhusa, na podikasti iliyozaliwa hapo ikamleta Rais Obama hadi katika gereji ya nyumba yake Los Angeles, Juni 2015. Seder aliendelea na The Majority Report mtandaoni.

*Na huku kwetu je?*

Ukanda wa Pwani haukungoja Marekani kuchanganya mzaha na siasa. Muyaka bin Haji, aliyeishi Mombasa kati ya mwisho wa karne ya 18 na 1840 hivi, aliwatungia mashairi ya kejeli maadui wa Mazrui, ukoo uliotawala Mombasa wakati ule, na watu waliyabeba midomoni mtaa kwa mtaa. Tofauti iko katika silaha. Muyaka na warithi wake walisema kwa fumbo. Fumbo linamfikia mlengwa, linawachekesha wanaojua, na msemaji akibanwa anaweza kusema "mimi nilikuwa nikizungumza habari za chewa na pweza." Redio ya siasa ya mtindo wa Garofalo haina fumbo. Inataja jina, cheo na tarehe. Na kipindi chenye simu kinaliua fumbo papo hapo, kwa sababu lazima atapiga simu mtu mmoja kutoka Likoni aseme, "Si useme tu kwamba ni mheshimiwa fulani!"

Redio yetu kwa miaka mingi ilikuwa ya serikali, na mzaha ulioruhusiwa ulikuwa wa tabia, si wa utawala. Bingwa wake alikuwa Leonard Mambo Mbotela, mtoto wa Freretown, aliyeanza "Je, Huu ni Ungwana?" mwaka 1966. Aliwasema wanaokula mdomo wazi, wanaopekua simu za wenzao, wageni wasioaga, na nchi nzima ilicheka kwa sababu kila mtu alimjua jirani wa kumbandika. Hakuwa mchekeshaji kwa cheo, ila aliujua mzaha wa sauti kuliko wengi waliojiita hivyo. Na ni yeye huyo ambaye tarehe 1 Agosti 1982 askari waasi walimlazimisha kutangaza kwamba serikali imepinduliwa. Jaribio lilizimwa siku hiyo hiyo. Mambo Mbotela alifariki Februari 2025. Nchi iliyopitia siku kama ile haihitaji kuelezwa kwa nini maneno ya redioni yana uzito tofauti na ya filamu.

Vichekesho vya televisheni, Vioja Mahakamani na Vitimbi, vilikaa upande salama wa ukuta huo, na hatuwezi kuwalaumu. Ukuta ulipasuka mwishoni mwa miaka ya 1990, vituo binafsi vilipoanza kupewa masafa. Kundi la Redykyulass, vijana watatu, Walter Mong'are, Tony Njuguna na John Kiarie, likamwigiza Rais Moi kwenye televisheni Moi akiwa bado Ikulu. Walikotokea baadaye kunafanana na orodha ya Air America kwa namna ya kuchekesha yenyewe. Mong'are, aliyejulikana zaidi kwa jina la Nyambane, alikuwa mtangazaji wa Kiss 100, akaja kufanya kazi Ikulu, na 2022 alitaka kugombea urais. Kiarie amekuwa mbunge wa Dagoretti Kusini tangu 2017. Naye Jalang'o, aliyeanza kujulikana kupitia Papa Shirandula cha Citizen, akapita vituo kadhaa vya redio na 2022 akachaguliwa mbunge wa Lang'ata.

Lakini angalia vizuri kabla ya kusema ni kitu kimoja. Redio ya asubuhi ya Nairobi iliyowakuza hawa ilikuwa ya mapenzi, ndoa, umbeya na muziki, na siasa ilipita katikati kama abiria. Kiti chao kilikuwa cha umaarufu. Siasa yenyewe waliifanya baada ya kuondoka hewani, kwa kupigiwa kura. Garofalo alifanya kinyume, siasa yote ikawa ndani ya kipindi, na hakuwahi kuomba kura ya mtu. Kuna wa aina ya tatu tuliyempenda sana Mombasa, King Majuto wa Tanga, aliyefariki Agosti 2018 akiwa bado mchekeshaji wa filamu, hana kiti wala kipindi cha siasa. Hakuna aliyewahi kumuuliza kwa nini.

Kwa nini basi Mombasa haijapata Garofalo wake? Vituo tunavyo: Pwani FM ya KBC, Baraka FM, Radio Rahma, Radio Salaam, Pilipili FM. Wasikilizaji pia tunao, wale wa vipindi vya salamu waliozoea kupiga simu kuwataja jamaa wote hadi wa Voi. Wachekeshaji ndio usiseme. Panda matatu ya Bamburi saa kumi na mbili jioni umsikilize kondakta.

Kikwazo cha kwanza kina sababu nzito. Baada ya uchaguzi wa 2007 redio za lugha za mama zilishutumiwa kwa kuchochea, na mtangazaji wa Kass FM, Joshua arap Sang, alifikishwa hadi mahakama ya ICC, The Hague. Kesi yake ilifutwa Aprili 2016, lakini kila meneja wa kituo Kenya aliifuatilia. Tangu 2008 tuna sheria ya mshikamano wa kitaifa inayoadhibu maneno ya chuki, na Katiba ya 2010, katika kifungu cha 33, inatoa uhuru wa kujieleza kwa mkono mmoja na kuuwekea mipaka kwa mwengine. Marekani, Mahakama ya Juu iliamua 1988 kwamba kejeli dhidi ya mtu mashuhuri inalindwa hata ikimuumiza. Sisi hatuna hukumu ya namna hiyo ya kuegemea, na siwezi kumlaumu meneja anayeogopa, maana si yeye peke yake atakayelipa kosa likitokea.

Cha pili ni matangazo. Kwa vituo vya Kenya, serikali kuu na za kaunti ni wateja wakubwa, na kituo kidogo cha mjini hakina wateja wengi wa kuwabadilisha. Mchekeshaji akimchokoza gavana asubuhi, swali la mhasibu linakuja mchana. Hakuna anayehitaji kupiga simu ya vitisho. Tangazo linakosekana tu mwezi ujao. Air America nayo ilikwepwa na watangazaji wa biashara, na ilikuwa na nchi nzima ya kuwatafuta.

Kuna na cha tatu, kidogo, ambacho sijasikia kikitajwa. Mzaha wa siasa wa Pwani ni wa watu wanaojuana. Mji wa Kale si Los Angeles. Unayemkejeli ni shemeji wa jirani yako, mtaonana msikitini Ijumaa au mazikoni Jumapili, na mamako atakuuliza. Mwenyeji wa kipindi New York angeweza kumwita kiongozi mjinga kila jioni bila hofu ya kupangwa naye safu moja.

Kwa hiyo vijana wetu wanaruka redio kabisa. Wanashika simu, wanafungua TikTok au YouTube, wanaiga sauti ya mheshimiwa wakiwa sebuleni, na kufikia magharibi video imefika Malindi. Ni njia ya Maron, bila gereji. Kinachokosekana ni vile vitu ambavyo hata kituo fukara huwa navyo: mtayarishaji wa kumwambia "hilo tuliache", kitufe cha kuchelewesha matangazo sekunde kadhaa, wakili, na jina la kampuni la kusimama mbele ya mashtaka. Sheria ya makosa ya kompyuta ya 2018 inamkamata aliyechapisha, na aliyechapisha hapo ni yeye, kwa jina lake na laini yake ya simu. Wanaomshauri kijana afungue chaneli yake huanza na idadi ya watazamaji. Hili la sheria halifiki kwenye mazungumzo.